OSS: Idara ya Ujasusi Iliyozaliwa Vitani na Mambo Iliyotuachia



Katika Kitabu cha Hesabu, sura ya 13, Musa anatuma watu kumi na wawili kuipeleleza nchi ya Kanaani. Wanakaa huko siku arobaini, kisha wanarudi na kichala cha zabibu kilichobebwa mtini na watu wawili. Wote wameona nchi ileile, miji ileile yenye maboma na watu walewale warefu. Hata hivyo kumi wanasema haiwezekani kuingia, na wawili, Kalebu na Yoshua, wanasema inawezekana.

Masimulizi hayo yanatuonyesha kwamba upelelezi una kazi mbili. Ya kwanza ni kuona. Ya pili ni kupima kilichoonwa na kumweleza ukweli yule anayepaswa kuamua. Taifa linaweza kuwa na macho mengi na bado likakosa akili ya kupima. Katika makala hii tutaitazama idara moja ya Marekani iliyoanzishwa ili kuziba pengo hilo wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia: Ofisi ya Huduma za Kimkakati, inayojulikana kwa herufi OSS. Iliishi miaka mitatu na miezi michache tu, lakini alama zake zimefika hadi Kongo na hata Tanganyika. Tutaeleza ilivyoanza, ilivyofanya kazi na kilichobaki baada yake. Tukiwa njiani tutajiuliza swali moja: chombo kinachofanya kazi kwa siri kinawajibika kwa nani?

Taarifa zilizotawanyika

Hadi mwaka 1941 Marekani haikuwa na idara moja ya ujasusi. Jeshi la nchi kavu lilikuwa na kitengo chake, jeshi la majini lilikuwa na chake, Wizara ya Mambo ya Nje ilitegemea ripoti za mabalozi, na FBI ilifuatilia wahalifu na wapelelezi waliokuwa ndani ya nchi. Kila ofisi ilizilinda taarifa zake kama mali yake. Tena wapo walioona kazi hii haimfai mtu mwenye heshima. Mwaka 1929 Henry Stimson, Waziri wa Mambo ya Nje, alikata fedha za ofisi iliyokuwa ikifumbua simu za siri za mataifa mengine, kwa hoja kwamba waungwana hawasomi barua za wenzao. Ofisi ikafungwa. Mwaka 1940 Stimson huyohuyo alirudi serikalini akiwa Waziri wa Vita, na safari hii hakuwa na pingamizi la kusoma barua za adui.

Tarehe 7 Desemba 1941 Japani ilishambulia kambi ya majini ya Pearl Harbor huko Hawaii na kuua Wamarekani zaidi ya 2,400. Uchunguzi wa baadaye ulionyesha kwamba baadhi ya dalili za vita zilikuwa tayari Washington. Lakini zilikuwa zimetawanyika katika ofisi mbalimbali na kuchanganyika na taarifa nyingi zisizo na maana. Hapakuwa na meza moja ambapo zote zingewekwa na kusomwa pamoja.

Mwanasheria aliyewahi kufikiria upadre

Mtu aliyekuwa akiipigania meza hiyo aliitwa William Donovan. Alizaliwa Buffalo, katika jimbo la New York, mwaka 1883, katika familia ya Kikatoliki yenye asili ya Ireland. Alisoma kwanza katika Chuo cha Niagara, cha Wakatoliki, na kwa muda alifikiria kuwa padre, kisha akaona kwamba hafai kwa njia hiyo. Mdogo wake, Vincent, ndiye aliyekuja kuwa padre katika Shirika la Wadominikani. William akasomea sheria. Katika Vita Kuu ya Kwanza alipigana Ufaransa, akajeruhiwa mwaka 1918 na kukataa kuondolewa mbele ya vita, na hatimaye akapewa Medali ya Heshima, nishani ya juu kabisa ya kijeshi nchini mwake.

Mwaka 1940 Rais Franklin Roosevelt alimtuma Uingereza kuona kama nchi hiyo ingeweza kusimama mbele ya Hitler. Donovan alikuwa wa chama cha upinzani, lakini Roosevelt alimwamini. Alirudi na maoni mawili: kwamba Uingereza itasimama, na kwamba Marekani inahitaji idara moja ya kukusanya na kupima taarifa. Tarehe 11 Julai 1941 Roosevelt alimteua kuwa Mratibu wa Taarifa. Ofisi hiyo ilikuwa bado changa, tena ikipigwa vita na ofisi nyingine, Pearl Harbor iliposhambuliwa. Tarehe 13 Juni 1942 ikageuzwa kuwa OSS na kuwekwa chini ya wakuu wa majeshi. Kufikia mwisho wa mwaka 1944 ilikuwa na watu karibu 13,000. Kati yao wanawake walikuwa kama 4,500.

Kazi iliyofanyika maktabani

Tunaposikia neno ujasusi, wengi tunafikiria bastola na mlango wa nyuma. Lakini tawi ambalo wanahistoria wengi wanalisifu zaidi katika OSS lilikuwa la Utafiti na Uchambuzi, lililoongozwa kwa muda mrefu na William Langer, mwanahistoria wa Chuo Kikuu cha Harvard. Huko walikusanywa wasomi mia kadhaa: wanahistoria, wanauchumi, wanajiografia na wajuzi wa lugha. Walisoma magazeti ya adui yaliyopatikana katika nchi zisizo vitani, ramani, vitabu vya kiufundi na ripoti za biashara. Hata matangazo ya vifo vya maofisa katika magazeti madogo ya Ujerumani yaliwasaidia kukadiria hasara ya jeshi lile. Sehemu kubwa ya waliyoyajua haikuibwa popote. Ilikuwa wazi kwa yeyote mwenye subira ya kusoma.

Sisi tunaosoma falsafa tutavutiwa kujua kwamba mwanafalsafa Herbert Marcuse, na Franz Neumann, mwanasheria na mwananadharia wa siasa, walifanya kazi katika tawi hilo. Wote wawili walikuwa wamemkimbia Hitler. Waliielewa Ujerumani kutoka ndani, wakaandika kuhusu jinsi utawala wa Kinazi ulivyojengwa na nani alifaidika nao. Mwaka 1945 tawi hilo liliandaa pia taarifa kuhusu mateso ya Makanisa ya Kikristo chini ya Wanazi, kwa ajili ya kesi ya Nuremberg. Hivyo kazi ya kijasusi iliishia mahakamani, ikawa ushahidi wa haki.

Mwingine ni Ralph Bunche, Mmarekani mweusi aliyepata shahada ya uzamivu katika sayansi ya siasa Harvard mwaka 1934. Mwaka 1937 alikuwa London kwa masomo zaidi, na huko alijifunza Kiswahili. Mwalimu wake alikuwa Jomo Kenyatta. Mwaka uliofuata alitembelea Kenya na sehemu nyingine za Afrika. Vita vilipokuja, Bunche aliajiriwa na ofisi ya Donovan kuwa mchambuzi wa mambo ya Afrika, kwa sababu katika Washington nzima walikuwa wachache mno waliolijua bara hili kwa macho yao.

Kazi iliyofanyika gizani

Upande wa pili wa OSS ulikuwa wa siri kweli. Makundi ya watu watatu watatu yalirushwa kwa miavuli Ufaransa mwaka 1944, yakishirikiana na Waingereza, ili kuwasaidia wapiganaji wa ndani. Virginia Hall, mwanamke mwenye mguu mmoja wa bandia, alifanya kazi nyuma ya mistari ya Wajerumani kwanza kwa ajili ya Waingereza, halafu kwa OSS. Nchini Burma, maofisa wa OSS walipigana bega kwa bega na watu wa kabila la Kachin.

Mjini Bern, Uswisi, alikuwepo Allen Dulles, mwanasheria na mtoto wa mchungaji wa Kipresbiteri. Wengine mtakumbuka kwamba mtoto wa kaka yake, Avery Dulles, aliingia Kanisa Katoliki, akawa Mjesuiti, na mwaka 2001 Kardinali. Mwezi Agosti 1943 alimfikia Allen Dulles ofisa wa Wizara ya Mambo ya Nje ya Ujerumani aitwaye Fritz Kolbe. Waingereza walikuwa wamemfukuza wakidhani ni mtego. Dulles alimsikiliza. Hadi vita vinaisha Kolbe alikuwa ametoa nyaraka zipatazo 1,600, bila kudai malipo, kwa sababu aliuchukia utawala wa Hitler. Baada ya vita, wenzake wa wizarani walimwona msaliti, na hakurudishwa kazini. Wizara yake ilikuja kumheshimu rasmi mwaka 2004, wakati yeye alikuwa ameshafariki miaka mingi.

Kutoka Vienna taarifa zilitolewa na kundi la upinzani ambalo mmoja wa viongozi wake alikuwa padre, Heinrich Maier. Kundi lake liliwapelekea Wamarekani habari za viwanda vya silaha. Nia yake ilikuwa mabomu yapige viwanda na kuacha nyumba za watu. Lakini mtandao wa OSS wa Istanbul, ambao kundi hilo liliutegemea, ulikuwa umepenyezwa na adui. Padre Maier alikamatwa mwezi Machi 1944 na kuuawa tarehe 22 Machi 1945, wiki chache kabla vita havijaisha Ulaya. Hapa tunaona kwamba uzembe katika kazi ya siri hulipwa na damu ya yule aliyeamini.

OSS ilifika pia Kongo, iliyokuwa koloni la Ubelgiji. Katika mgodi wa Shinkolobwe, Katanga, kulikuwa na madini ya urani yenye ubora wa juu kuliko mengine yaliyojulikana wakati huo. Marekani iliyahitaji kwa bomu la atomiki, na ilihofia yasiwafikie Wajerumani. Maofisa wa OSS walipelekwa Léopoldville, yaani Kinshasa ya leo, kuchunguza magendo ya madini. Kwa sababu ya siri kubwa iliyozunguka bomu, wengi wao hawakuambiwa urani ile ilikuwa ya kazi gani. Wachimbaji wa Kikongo hawakuambiwa lolote. Sehemu kubwa ya urani iliyotumika katika bomu la Hiroshima, tarehe 6 Agosti 1945, ilitoka chini ya ardhi ya Katanga.

Siku walipodanganywa kuhusu Vatikano

Kuna tukio moja linalotuhusu kwa karibu. Mwishoni mwa vita, ofisi ya OSS ya Roma ilianza kununua ripoti zilizodaiwa kutoka ndani ya Vatikano: mazungumzo ya Papa Pius XII, mipango ya amani na Japani, habari za mabalozi. Zilipewa jina la siri Vessel, na nyingine zilipelekwa hadi kwa Roosevelt. Mwandishi wake alikuwa Virgilio Scattolini, aliyewahi kuandika katika gazeti la Vatikano. Alikuwa akiyatunga nyumbani.

Mwezi Februari 1945 aliandika kwamba Myron Taylor, mwakilishi binafsi wa Roosevelt kwa Papa, alikutana na balozi wa Japani. Taylor mwenyewe alipoulizwa alisema mkutano huo haukuwahi kutokea. Uongo ukaanza kufichuka, baada ya fedha nyingi kulipwa.

Tuangalie vizuri sababu yake. Ripoti zile ziliaminiwa kwa kuwa zilikuwa za siri. Kama zingechapishwa gazetini, mtu wa kwanza aliyezisoma Vatikano angezikanusha siku hiyohiyo. Lakini kwa kuwa zilifungiwa kabatini, wale ambao wangeweza kuzisahihisha hawakuziona. Siri inaweza kulinda ukweli, na inaweza vilevile kuulinda uongo usikutane na ukweli.

Je, kazi hii ni halali?

OSS ilikuwa na kituo karibu na Washington ambapo waombaji wa kazi walipimwa kwa siku kadhaa na wanasaikolojia. Kila mmoja alitakiwa kujitungia maisha ya uongo na kuyatetea huku wengine wakijaribu kumfichua. Ni wazi basi kwamba udanganyifu ulikuwa sehemu ya mafunzo. Mkristo anasema nini?

Mtakatifu Augustino aliandika vitabu viwili juu ya uongo, na hakukubali uongo hata kwa nia njema. Akimzungumzia Rahabu, aliyewaficha wapelelezi wa Yoshua kule Yeriko, alisema kwamba Mungu alimtuza kwa wema wake kwa watu wake. Uongo wake haukutuzwa. Mtakatifu Thoma wa Akwino, katika *Summa Theologiae* (II-II, swali la 40, kifungu cha 3), anauliza kama ni halali kutumia maviziο vitani. Jibu lake linatofautisha mambo mawili. Kumwambia adui uongo au kuvunja ahadi aliyopewa si halali, maana hata kati ya maadui zipo haki na mapatano. Lakini kuficha nia na mipango yetu ni halali, kwa kuwa hatudaiwi kumfungulia kila mtu moyo wetu.

Kwa kipimo hicho, wasomi wa maktabani hawana shida. Padre Maier na Kolbe walifichua maovu ya utawala dhalimu, na wengi wetu tungewatetea. Yule anayeishi kwa jina la uongo anatupa kazi ngumu zaidi, na wanateolojia wa maadili hawajaacha kujadiliana juu yake. Lakini Thoma anatuachia mpaka ambao ni wa lazima kwa wote: hata vita halali havifuti kila sheria. Na kama vita havifuti kila sheria, amani je?

Idara ilikufa, ruhusa ikabaki

Mwezi Novemba 1944 Donovan alimwandikia Roosevelt akipendekeza idara ya kudumu ya ujasusi baada ya vita. Waraka huo ulivuja, na Februari 1945 gazeti la *Chicago Tribune* likaonya kwamba inaundwa Gestapo mpya. Roosevelt alifariki Aprili. Rais mpya, Harry Truman, hakumpenda Donovan wala hakutaka Gestapo. Tarehe 20 Septemba 1945 alisaini amri ya kuivunja OSS, na Oktoba 1 ikafungwa. Watafiti walipelekwa Wizara ya Mambo ya Nje, na watu wa siri Wizara ya Vita.

Haikuchukua muda mahitaji yaleyale yakarudi. Vita baridi na Muungano wa Kisovyeti vilikuwa vimeanza. Mwaka 1947 sheria ya usalama wa taifa ilianzisha CIA. Wakurugenzi wake wanne wa baadaye, yaani Allen Dulles, Richard Helms, William Colby na William Casey, wote walikuwa wamepita OSS. Vikosi maalumu vya jeshi la Marekani navyo vinahesabu mizizi yake humo.

Tatizo ni kwamba waliokuja CIA walibeba pamoja na ujuzi wao mazoea ya miaka ya Hitler. Katika vita vile adui alijulikana na mwisho ulionekana. Vita baridi havikuwa na mstari wa mbele wala tarehe ya kumalizika, na kila nchi changa iliweza kuonekana uwanja wa mapambano.

Wahitimu wawili wa OSS na Kongo ya 1960

Jambo hili linaonekana wazi Kongo. Baada ya vita, Bunche alikwenda Umoja wa Mataifa na kuongoza idara ya udhamini, iliyosimamia maeneo kama Tanganyika na Ruanda-Urundi. Ni katika Baraza la Udhamini ambapo Mwalimu Nyerere alisimama New York mwaka 1955 kuitetea Tanganyika. Bunche alipewa Tuzo ya Nobel ya Amani mwaka 1950, mtu mweusi wa kwanza kuipata. Kongo ilipopata uhuru tarehe 30 Juni 1960, alikuwepo Léopoldville kwa niaba ya Umoja wa Mataifa, na machafuko yalipoanza alisimamia mwanzo wa kikosi chake cha amani. Yeye na Waziri Mkuu Patrice Lumumba hawakuelewana, na wapo wanaomlaumu hadi leo. Lakini alifanya kazi kwa jina lake, na maamuzi ya Umoja wa Mataifa yalijadiliwa hadharani.

Wakati huohuo mkurugenzi wa CIA alikuwa Allen Dulles. Mwezi Agosti 1960 alituma simu ya siri Léopoldville akisema kumwondoa Lumumba ni jambo la haraka. Mwezi uliofuata mwanasayansi wa CIA alipeleka sumu huko. Sumu haikutumika. Lumumba aliuawa Katanga tarehe 17 Januari 1961 na wakuu wa Katanga, mbele ya maofisa wa Kibelgiji.

Tunajua habari za sumu kwa sababu mwaka 1975 kamati ya Seneti ya Marekani, chini ya Frank Church, iliwahoji wahusika na kuchapisha ripoti. Mkurugenzi wa CIA wakati huo alikuwa William Colby, Mkatoliki, mmoja wa wale waliorushwa kwa mwavuli Ufaransa mwaka 1944. Naye alikuwa na doa lake, kwa sehemu aliyoshika katika mpango wa Phoenix huko Vietnam ulioua maelfu ya watu. Hata hivyo aliamua kulikabidhi Bunge nyaraka nyingi zilizoiaibisha idara yake, akaamini kwamba katiba inamdai hivyo. Wenzake wengi hawakumsamehe. Mwaka 1976 Rais Gerald Ford alipiga marufuku mauaji ya kisiasa, na Seneti ikaunda kamati ya kudumu ya kusimamia ujasusi.

Tujifunze nini?

Kwanza, taifa lina haki ya kujua hatari zinazolikabili, na kazi hiyo inahitaji watu waaminifu wenye elimu. Kijana Mkristo anayefanya kazi katika vyombo vya usalama hafanyi kazi chafu kwa sababu tu ni ya siri.

Pili, ukweli mwingi hauko kwenye siri. Uko kwenye vitabu, magazeti na watu tunaoweza kuwauliza. Anayependa siri kuliko ukweli atauziwa ripoti za Scattolini.

Tatu, ruhusa inayotolewa wakati wa hatari lazima iwe na mwisho na iwe na msimamizi. Hilo ni kweli kwa dola kubwa, na ni kweli kwa kamati ya fedha ya parokia inayosema hesabu hazisomwi kwa sababu kuna dharura. Musa aliwatuma wapelelezi, lakini walirudi na kutoa taarifa yao mbele ya jumuiya yote ya Waisraeli. Watu walisikia, wakakosea katika kuamua, na walibeba matokeo wakijua walichoambiwa. Watu wa Katanga waliochimba urani hawakupewa nafasi hiyo, wala Wakongo wa mwaka 1960. Wao walipata habari baadaye, kutoka katika ripoti ya nchi nyingine.